Filamu Fupi za Majaribio na Jicho la Watu wa Ziwani

Hapa Mwanza, ukitaja filamu fupi za majaribio, zile zisizofuata mtindo wa kawaida wa kusimulia hadithi, ambazo wasanii wa Ulaya na wa Afrika huzitengeneza kwa pamoja, malalamiko mawili hayakawii kusikika: kwamba hazieleweki, na kwamba watazamaji wake ni wazungu. Hofu hiyo ina chanzo. Darwin's Nightmare, filamu ya Hubert Sauper ya mwaka 2004 kuhusu sangara na mapanki (mabaki ya samaki aliyekwisha kutolewa minofu), iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar, na mwaka 2006 Rais Kikwete akailaani hadharani, watu nao wakaandamana mjini.

Lakini ile ni filamu ndefu ya dakika 107, iliyowafunga sangara, ndege za mizigo na silaha katika hoja moja. Filamu fupi ya majaribio mara nyingi haina madai makubwa kiasi hicho, na hapo ndipo naona inaonewa. Tuseme mtu amepiga picha za karabai za wavuvi wa dagaa usiku kutoka Igombe, ufukwe wa wavuvi hapa Mwanza, akazipachanisha na taa za bandari ya Marseille, Ufaransa, bila msimulizi wala maandishi. Mtazamaji wa Marseille ataona nuru ikicheza juu ya maji. Wa Igombe ataona zaidi: kwamba ni siku za giza, kwa sababu mbalamwezi ikiwaka dagaa hawaifuati taa, kwamba kila nuru ina watu chini yake, kwamba kukipambazuka akina mama watakuwa mwaloni, pale mitumbwi inapotia nanga, wakisubiri kununua na kuanika. Katika filamu hiyo mjuzi ni yeye, na hakuna anayemfafanulia ziwa lake.

Kuhusu fedha, wanaolalamika wana haki. Mfuko ukiwa Ulaya, maamuzi mengi hufanyika huko, na filamu huzunguka kwenye matamasha ya mbali bila kurudi ufukweni ilikopigwa. Hilo linaniuma kuliko suala la kutoeleweka, kwa sababu kuirudisha hakuhitaji jumba la sinema. Kibanda cha video kinatosha. Watafsiri wa vibandani wamezoea kwa miaka mingi kuweka sauti zao juu ya filamu za Kihindi na za Kichina, wakiongeza na kupunguza watakavyo, na watu wakawafuata wao kuliko waigizaji. Filamu isiyo na maneno inampa mtafsiri uwanja wote, na karabai moja ikianza kufifia katikati ya giza, ni yeye atakayewaambia watazamaji kwamba taa ile inahitaji kupigwa pampu, jambo ambalo pengine hata mpiga picha hakulijua.