Kitanda Usichokilalia: Becky Albertalli na Swali la Nani Aandike Nini

Kuna hii ishu ya Becky Albertalli, mwandishi aliyeandamwa kwa kuandika kuhusu kijana gei mpaka akajikuta anatangaza siri yake mwenyewe, ambayo kila nikiirudia inaniuma upya, na wengi wanaoiongelea naona wanashika upande mmoja tu basi, wakati kiukweli pande zote mbili zina watu walioumia. Ngoja nieleze kuanzia mwanzo.

Albertalli ni mwandishi Mmarekani wa kule Atlanta. Kabla ya vitabu alikuwa mwanasaikolojia, na kwa miaka 7 alisaidia kuongoza kikundi pale Washington cha watoto ambao hawakai kwenye ile mipaka ya kawaida ya "huyu wa kike huyu wa kiume". Mwaka 2015 akatoa riwaya yake ya kwanza, Simon vs. the Homo Sapiens Agenda. Simon ni dogo wa miaka 16, ni gei, hajamwambia mtu yeyote, anachati kwa imeili na mvulana wa shule hiyohiyo anayejiita Blue na hawajuani sura. Siku moja anasahau kufunga imeili yake kwenye kompyuta ya shule, mwanafunzi mwenzake anaitwa Martin anaziona, anazipiga picha, alafu anamwambia Simon nisaidie nimpate rafiki yako Abby, la sivyo unajua mwenyewe.

Ukisikia hivyo unadhani ni kitabu cha kulia. Hapana, kinachekesha mwanzo mwisho, Simon ana mdomo, ana baba mwenye utani mbovu, ana mapenzi ya ajabu na biskuti za Oreo. Na hapa ndo penye kazi yake kubwa, ila watu wanapapita haraka. Riwaya ya vijana inayotajwa kuwa ya kwanza Marekani kugusa mapenzi ya wavulana wawili ilitoka 1969, ya John Donovan, na humo baada tu ya wale wavulana kukaribiana mbwa wa mmoja wao anagongwa na gari na mtoto anabaki anajiuliza kama ile ndo adhabu yake. Miaka mingi hadithi hizi zilienda hivyohivyo, lazima kuwe na ajali, msiba au mtu kufukuzwa nyumbani. Wapo waliovunja hiyo desturi kabla yake, David Levithan alishatoa Boy Meets Boy mwaka 2003, kitabu chepesi na cha furaha kabisa, kwa hiyo Albertalli hakufungua njia. Ila yeye ndo alileta kicheko hicho hadi kwenye sinema kubwa: 2018 kitabu kikawa muvi ya Love, Simon chini ya mwongozaji Greg Berlanti, mara ya kwanza kwa studio kubwa ya Hollywood kutoa komedi ya mapenzi inayomhusu kijana gei, na ikaingiza kama dola milioni 66 wakati bajeti haikuzidi milioni 17. Kuna kipande Simon anawaza ingekuwaje kama wale wanaopenda jinsia tofauti ndo wangelazimika kuwakalisha wazazi chini na kujitangaza, basi unaona binti anamwambia mama yake kwamba anapenda wavulana na mama analia kama amefiwa. Kipande cha sekunde chache tu, ila kinabeba mzigo ambao hotuba ya saa nzima isingeubeba.

Sasa malalamiko. La kwanza lilikuwa kwamba hadithi ni laini mno, Simon ni mzungu, ana wazazi wanaompenda, nyumba nzuri, gari, shida yake iko wapi? Hili nalielewa na nakubaliana nalo nusu. Kijana aliyefukuzwa kwao hatajiona humo. Lakini pia mi naona mtoto ana haki ya kusoma kitabu ambacho mtu kama yeye anachekesha na anapata mpenzi mwishoni na hafi.

La pili ndo zito. Mwandishi alikuwa anajulikana kama mwanamke aliyeolewa na mwanaume, mama wa watoto wawili, basi wakauliza huyu anajuaje moyo wa kijana gei, kitanda usichokilalia utajuaje kunguni wake? Na tuwe wakweli, swali hilo halikutoka hewani, kwa miaka waandishi wenyewe walio gei walikuwa wanaambiwa hadithi zao hazina soko, alafu anatokea mtu anayeonekana wa nje anaandika hadithi hiyohiyo anapewa mkataba, tuzo (Simon alishinda Morris Award ya 2016, tuzo ya riwaya ya kwanza ya mwandishi wa vijana) na muvi juu. Ukiwa wewe ndo uliyekataliwa, utakaaje kimya? Miezi michache baada ya Simon kutoka, Septemba 2015, mwandishi Mholanzi Corinne Duyvis alianzisha hashitegi ya OwnVoices, ili wasomaji wavitambue vitabu ambavyo mwandishi na mhusika wake wanatoka kwenye kundi moja. Nia ilikuwa njema kabisa, ni kusaidia watu kupata vitabu.

Ila chombo cha kutafutia vitabu kikageuka kuwa cha kukagulia watu. Kila Albertalli alipotoa kitabu swali likarudi, Leah on the Offbeat ya 2018 ambayo mhusika wake ni msichana anayevutiwa na jinsia zote mbili, wakasema ona anarudia tena. Hata kuandika pamoja na Adam Silvera, ambaye ni gei mwenyewe, hakukuzima moto. Mpaka tarehe 31 Agosti 2020 akaandika makala akasema yeye mwenyewe anavutiwa na jinsia zote mbili, alichelewa kujielewa, alikuwa na miaka 37 wakati huo, na akasema wazi kabisa kwamba kujitangaza kule hakukumpa raha wala hakukumfanya ajione salama, amefanya kwa sababu amechoka kudhihakiwa na kuchambuliwa kila siku kwa miaka.

Yaani soma tena hapo. Kitabu chenyewe kinahusu mtoto anayevuliwa siri yake na mtu mwingine, na kuna mahali Simon anamwambia Martin kwamba hilo lilikuwa lake, yeye ndo alitakiwa kuamua lini, wapi na nani ajue. Na baadhi ya waliompenda Simon ndo waliomfanyia mwandishi wake jambo hilohilo.

Msimamo wangu ni huu. Waliolalamika kuhusu milango iliyofungwa walikuwa sahihi, ila mlango waliougonga haukuwa wenyewe. Anayeamua nani apewe mkataba na pesa ngapi ni nyumba ya uchapishaji, huko ndo uulize umechapisha waandishi gei wangapi mwaka huu na umewalipa nini. Kumdai mwandishi mmoja athibitishe anampenda nani ndani ya moyo wake hakumpi mwandishi mwingine mkataba. Alafu ile methali ya kitanda ina shimo, inadhani sisi tulio nje tunajua nani amelala wapi, na hatujui, wakati mwingine hata mwenyewe hajui bado. Juni 2021 We Need Diverse Books, shirika la Marekani linalopigania vitabu vyenye watu wa kila aina, likaacha kulitumia neno OwnVoices, na moja ya sababu ilikuwa hiyohiyo, kwamba linawaweka waandishi kwenye hatari. Na bado Oktoba 2022 Kit Connor, yule mwigizaji kijana wa Heartstopper, tamthilia ya Netflix kuhusu wavulana wawili wanaopendana, akiwa na miaka 18 tu, akalazimika naye kuandika Twitter kwamba anavutiwa na jinsia zote mbili na kuwaambia watu wamemlazimisha. Miaka miwili tu ilikuwa imepita tangu makala ya Albertalli na watu walikuwa palepale.

Albertalli hakuacha kuandika, na hakuacha kuchekesha. Imogen, Obviously ya 2023 inamhusu binti anayejiona rafiki mwema wa watu wa LGBT na yeye siyo mmoja wao, mpaka anapomtembelea rafiki yake chuoni, anakutana na Tessa, na kila kitu kinaanza kumchanganya. Kule nyumbani kuna rafiki mwingine, Gretchen, anayemkagua kila neno, nani ana haki ya kujiita nini. Ingekuwa rahisi sana kumfanya Gretchen shetani, maana mwandishi anawajua akina Gretchen vizuri na walimtesa. Hakufanya hivyo, amempa Gretchen naye jeraha lake, na ukifika kwenye kurasa hizo unaona kabisa ukali ule umetoka wapi.