Urembo wa Kizungu: fuata hela utaelewa

Jamani kuna watu bado wanaongea kama vile urembo wa Kizungu ni kitu kimoja kilichoshuka toka mbinguni, mweupe, mwembamba, pua ya upanga, basi. Hapana bwana. Wenyewe wameshabadilisha mara kibao, na mi naona kila wakibadilisha wanafuata kitu kimoja tu, kile ambacho masikini hawezi kukipata kwa wakati huo.

Chukua weupe. Enzi zile wakulima Ulaya wanashinda shambani jua linawachoma, kwa hiyo ukiwa mweupe pee maana yake wewe hulimi. Mabibi wa kitajiri wakawa wanajipaka poda ya risasi, yaani madini yenyewe ya risasi, yanawekwa juu ya siki, yanazungushiwa samadi wiki kadhaa mpaka yatoe ukoko mweupe, unakwanguliwa, unasagwa, unapakwa usoni! Ngozi ikiharibika unaongeza poda kuficha, ndo inazidi kuharibika. Maria Gunning, mrembo aliyekuwa gumzo la London, wanasimulia mumewe alimkimbiza kuzunguka meza ya chakula Paris mbele ya wageni, akamsugua uso na kitambaa kumtoa vipodozi. Wapi, dada hakuacha. Alifariki 1760 ana miaka 27 na wengi wanaamini ni hiyo hiyo poda ya risasi.

Halafu masikini wakahamia viwandani, wakawa weupe wao kwa kukosa jua. Kufika miaka ya 1920 matajiri wanaenda kuota jua pwani ya kusini ya Ufaransa, mbunifu wa mavazi Coco Chanel naye karudi kababuka, rangi ya shaba ikawa fasheni. Ndo maana nachoka nikiona huku kwetu mtu bado anajipaka mkorogo wenye zebaki kufukuzia rangi ambayo wenye nayo wanalipia kuipunguza.

Mwili ndo usiseme. Mchoraji Rubens miaka ya 1630 anamchora mkewe Helena Fourment na tumbo lake na minofu yake yote, na hapo ndo mrembo haswa. 1966 anakuja mwanamitindo Twiggy, miaka 16, kimbaumbau mpaka mifupa inahesabika, dunia nzima inamshangilia. Chakula kishakuwa rahisi, unene hata dereva wa lori anao, una faida gani tena? Juzi hapa akina Kim Kardashian wakarudisha shepu, watu wakajaza makalio kwa opereshini, hata hawajakaa wanajichoma Ozempic, dawa ya kisukari, ili wapungue. Bei ya hiyo sindano muulize yeyote aliyeko Marekani na hana bima.