Rúmil arudishiwe kitabu chake

Kuna ubishi wa wasomaji wa Tolkien, mwandishi wa The Lord of the Rings, ambao hauishi, kama jina la msimulizi Rúmil lirudishwe mwanzoni mwa simulizi yake, na mi naona wanaotaka lirudi wanaonewa sana. Simulizi yenyewe ni Ainulindalë, ile inayofungua kitabu chake The Silmarillion, Ilúvatar au Eru, yaani Mungu muumba, anawapa Ainur, roho alizoziumba kwanza, wimbo, wanauimba, Melkor, mmoja wao aliyeasi, anachomekea wa kwake, na dunia nzima inatokana na huo muziki. Hiyo mnaijua. Wanachosahau wengi ni kwamba ndani ya dunia yake yenyewe hiki ni kitabu cha kale na kina mwenyewe. Kimeandikwa na Rúmil, msomi wa Maelf, jamii ya kale ya hadithi hizi, wa mji wa Tirion, baadae sana Pengoloð akamsimulia Ælfwine, baharia Mwingereza wa zamani aliyefika kisiwa cha Eressëa, na Ælfwine akayaandika. Mnyororo kamili kabisa, kama isnadi ya hadithi. Ila Christopher Tolkien alipochapisha The Silmarillion mwaka 1977, miaka minne baada ya baba yake kufariki, majina yote matatu hayakuwekwa hapo mwanzo, simulizi inaanza tu yenyewe, haina anayeisimulia.

Sasa wanaomtetea Christopher wana hoja na tusiwabeze. Jamaa aliachiwa marundo ya karatasi za zaidi ya miaka hamsini, na baba mwenyewe alikuwa anabadili wasimulizi kila mara, kwanza msafiri anaitwa Eriol, halafu Ælfwine, halafu ikaja habari ya kwamba Bilbo, yule wa The Hobbit, ndiye aliyetafsiri vitabu vya Kielf akiwa Rivendell, makao ya Maelf. Uchague yupi? Ukichagua ni kama unamtungia marehemu. Na pia wanasema ule mwanzo usio na msimulizi una nguvu yake, unaingia moja kwa moja kwa Eru bila kupitia kwa mtu, na kweli una nguvu, nani atabisha. Wanaongeza kwamba alama zipo bado, kuna sehemu imeandikwa kwamba Eldar, yaani Maelf, ndio wanaosema mwangwi wa ule muziki umebaki kwenye maji kuliko kitu kingine chochote duniani, kwa hiyo msomaji makini atajua hii ni habari iliyopokelewa kwa Maelf.

Sawa. Lakini ile hoja ya "uchague yupi" kwa kitabu hiki hasa mi hainiingii, manake waliokuwa wanabadilika ni wapokeaji. Rúmil habadiliki. Toleo la kwanza kabisa la kati ya 1918 na 1920 yupo, tena anasimulia mwenyewe kwa mdomo bustanini, la miaka ya thelathini yupo, na yale ya baada ya vita yupo. Karibu miaka thelathini Tolkien anaigusa hii simulizi, anaongeza, anapunguza, kuna wakati alijaribu hata kuibadili iendane na dunia ya mviringo badala ya bapa, na katika yote hayo hakumtoa huyu mzee. Mwandishi aking'ang'ania kitu kimoja muda wote huo si pambo.

Na angalieni Rúmil ni nani. Kwenye lile toleo la kwanza ni bawabu mzee ambaye zamani aliwahi kuwa mtumwa wa Melko, yaani Melkor huyohuyo. Hebu soma tena pale makelele ya Melkor yanapoelezwa, sauti kubwa, tupu, inajirudiarudia kwa noti chache tu, halafu ujue anayekueleza ni mtu aliyewahi kuishi chini ya mkono wa huyo anayemuelezea. Ukisoma chapa ya 1977 unaona ni hukumu imeshuka kutoka juu na imeisha. Ukimjua Rúmil unasikia mtu. Mi kila nikifika pale nakwama, kwa sababu uzito wote wa zile sentensi unahama, zinakuwa ushahidi wa aliyeumizwa.

Utumwa wenyewe baadae Tolkien aliuacha, Rúmil akawa msomi wa heshima tu, hilo ni kweli. Ila akapewa kitu kingine ambacho kwangu ni kikubwa zaidi, yeye ndiye wa kwanza kubuni herufi za kuandikia maneno na nyimbo. Hili limo humohumo kwenye kitabu cha 1977, kwenye habari za Noldor, ukoo wa Maelf aliotoka, ila ndani ya simulizi zenyewe hakuna mahali msomaji anaambiwa kwamba huyu ndiye aliyeandika ule Muziki wa mwanzo, ni faharasa ya nyuma tu inayomtaja! Kwa hiyo mtu aliyebuni namna ya kuandika wimbo aliandika habari za wimbo mkubwa kuliko zote na yeye mwenyewe hakuusikia, Maelf hawakuwepo bado, walihadithiwa na Valar, wale Ainur wakuu walioshuka duniani, kilichobaki cha kusikilizwa kwa masikio yao ni bahari. Ukilijua hilo, lile neno kuhusu maji linageuka kabisa, linakuwa ndio kitu pekee kwenye simulizi nzima ambacho Rúmil angeweza kwenda ufukweni akakihakikisha.

Christopher mwenyewe mwaka 1983 aliandika kwamba kukitoa kitabu bila kueleza ni nini na kimefikaje kwa wasomaji lilikuwa kosa. Watu wanaitumia hiyo kauli kumchapia na mi sipendi, kwa sababu kuanzia mwaka huo hadi 1996 alitoa juzuu 12 akituwekea rasimu zote wazi, ndo maana hata tunayajua haya. Ila juzuu hizo wanazisoma wachache. Wengi wanaishia kwenye The Silmarillion, na huko Rúmil ni jina linalopita.

Na wala hakuna cha kutungwa. Nakala ya mwisho kabisa, ile Tolkien aliyoiandika kwa mwandiko wa kupendeza wenye herufi kubwa zilizonakshiwa, ina ukurasa wake wa jina unaosema ni kazi ya Rúmil na kwamba Pengoloð alimsimulia Ælfwine. Ni mistari michache tu. Imeshachapishwa tangu 1993 kwenye juzuu ya kumi, wahamishe tu iende mbele pale Ainulindalë inapoanzia.