Crimson Peak: urembo unaofichua na urembo unaofunika

Filamu ya mapenzi ya mwiko ikipambwa vizuri, lawama huwa ileile: uchafu umevishwa hariri. Crimson Peak ya mwongozaji Guillermo del Toro, iliyotoka mwaka 2015, haikusalimika. Naona wanaoilaumu na wanaoitetea wote wana hoja, ingawa hazilingani uzito. (Siri yake nitaitaja, kwa hiyo ambaye hajaitazama aanze na filamu.)

Edith, binti wa tajiri wa Buffalo, Marekani, anaolewa na Thomas Sharpe, Mwingereza wa ukoo mkubwa aliyefilisika. Anapelekwa Allerdale Hall, jumba la ukoo huo, anakoishi pia wifi yake, Lucille. Paa la nyumba limetoboka, theluji inadondoka taratibu hadi katikati ya ukumbi. Udongo mwekundu wa mgodi unapenya sakafuni na kuchuruzika ukutani. Edith anapita humo na gauni la rangi ya dhahabu, mikono ya gauni imefura kama mbawa za kipepeo. Lucille amevaa buluu nzito inayotaka kumezwa na kuta. Hakuna aliyesema neno, lakini umeshajua nani mgeni na nani ameota mizizi.

Ndiyo maana siwaungi mkono wanaosema ni pambo tupu. Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti, lakini nyumba hii haimdanganyi mtu, inaoza hadharani. Hatari iko kwenye chai. Edith anakunywa sumu kidogo kidogo katika kikombe cha heshima, na akiugua, Lucille anamlisha kwa upole, kijiko kikikwaruza ukingo wa bakuli. Siri nyingi za ukoo hutunzwa hivyo hivyo, kwa adabu na vyombo visafi.

Lawama ninayoikubali ni nyingine. Thomas na Lucille ni ndugu wa damu na ni wapenzi, tangu utotoni, walipokuwa wakifungiwa darini na mama katili. Jeraha lenyewe liko pale, nasi tunasimuliwa tu kwa maneno machache. Kamera iliyokuwa na subira ya kukaa na wadudu nondo ukutani inakimbilia visu na damu kwenye theluji. Wale watoto wawili hatuwaoni.

Picha moja inakaribia kulipa deni hilo. Mwishoni Lucille, sasa mzimu mweusi, ameketi kwenye piano ndani ya nyumba ileile, anapiga peke yake. Hana tena gauni la kuvuta jicho, na hapo ndipo nilipomhurumia.