Vyeo vya wanawake katika sataranji: vimewainua au vimewawekea dari?

Julai 2025, mjini Batumi, Georgia, Divya Deshmukh, binti wa Kihindi wa miaka 19, alimshinda mwenzake Humpy Koneru katika fainali ya Kombe la Dunia la wanawake. Michezo miwili ya kawaida iliisha sare, na mshindi akapatikana katika michezo ya kasi. Pamoja na kombe akapata cheo cha grandimasta, cheo cha juu kabisa cha sataranji. Kwa kawaida mchezaji hukipata akifikisha pointi 2500, yaani alama zinazopima nguvu ya mchezaji, na kuonyesha matokeo ya kiwango cha grandimasta mara tatu katika mashindano yanayotambuliwa. Divya alifika Batumi bila hata tokeo moja kati ya hayo matatu, lakini kanuni za shirikisho la kimataifa, FIDE, zinamruhusu bingwa wa kombe hilo kuruka ngazi. Wengi walimshangilia. Wengine waliuliza kama cheo kilichopatikana kwa kucheza na wanawake watupu kina uzito ule ule.

Mjadala huu huchanganya mambo mawili: mashindano ya wanawake na vyeo vya wanawake. Naamini la kwanza bado lina kazi kubwa na la pili limeshapitwa na wakati, ingawa kuna kisa kimoja cha Kampala kinachonifanya nisite.

Kwanza ieleweke kwamba katika ngazi ya dunia hakuna mashindano ya wanaume peke yao. Yapo ya wazi, ambayo mtu yeyote anaingia, na yapo ya wanawake. Vyeo navyo viko hivyo. Grandimasta, pointi 2500, ni cha wote. Kando yake kuna grandimasta wa wanawake, kilichoanzishwa 1976, ambacho kinadai pointi 2300. Hesabu hiyo iko chini hata ya masta wa kimataifa wa kawaida, anayetakiwa kuwa na 2400. Msichana anayesikia neno grandimasta mbele ya jina lake, huku akijua kwamba kijana wa jirani mwenye pointi zile zile hana jina hilo, anaambiwa kimyakimya kwamba hatarajiwi kufika mbali zaidi.

Anayelisema hili kwa sauti kubwa kuliko wote ni Judit Polgár wa Hungaria, na ana haki ya kusema. Alipata ugrandimasta Desemba 1991 akiwa na miaka 15 na miezi minne, akavunja rekodi ya Mmarekani Bobby Fischer iliyodumu tangu 1958. Mwaka 2002 alimshinda Garry Kasparov, namba moja duniani wakati huo, katika mchezo wa kasi mjini Moscow. Mwaka 2005 alifikisha pointi 2735, akawa wa nane duniani, na mwaka huo huo akakaa meza moja na wachezaji wengine saba kuwania ubingwa wa dunia kule San Luis, Argentina. Aliburura mkia, ndiyo, lakini hakuna mwanamke mwingine aliyewahi kufika kwenye meza hiyo. Na taji la dunia la wanawake hakulishindania hata siku moja.

Dada yake mkubwa, Zsuzsa, alionja ubaya wa mfumo mapema. Mwishoni mwa 1986 FIDE iliamua kuwaongezea wachezaji wote wa kike pointi 100 za bure, isipokuwa yeye, kwa hoja kwamba pointi zake alizipata kwa kucheza na wanaume. Kwa hiyo aliyethubutu kutoka nje ya uzio ndiye aliyeadhibiwa, akaondolewa kileleni mwa orodha ya wanawake kwa kalamu tu. Nikisoma kisa hicho naelewa kwa nini familia ile ilijenga chuki na kila kilichoitwa cha wanawake.

Hata hivyo, kuiga njia ya akina Polgár si rahisi kama kunavyosimuliwa. Baba yao, László, alikuwa ameshaamua kulea watoto wa kipaji kabla hata hawajazaliwa. Aliwasomesha nyumbani, akawatafutia walimu, siku nzima ikawa ya sataranji. Dada wote watatu walifika juu, kwa hiyo haiwezekani kusema ilikuwa bahati. Lakini ni nyumba moja, na sera ya dunia haiwezi kutungwa kwa kutazama nyumba moja. Tena kuna jambo linalosahaulika: mara ya kwanza dunia nzima kuwatazama ilikuwa Olimpiadi ya sataranji ya wanawake, mashindano ya timu za mataifa, ya 1988 mjini Thessaloniki, Ugiriki, Hungaria ilipowapokonya Wasovieti dhahabu huku Judit akiwa na miaka 12. Walirudia 1990. Uwanja wa wanawake uliwapa jukwaa hata wao.

Georgia inaonyesha vizuri zaidi kazi ya jukwaa hilo. Nona Gaprindashvili, mzaliwa wa Zugdidi, alitwaa ubingwa wa dunia wa wanawake 1962 na kuushika miaka 16. Mwaka 1977 aligawana nafasi ya kwanza katika mashindano makali ya wazi ya Lone Pine, Marekani, na 1978 akawa mwanamke wa kwanza kupewa ugrandimasta kamili. Aliyempokonya taji mwaka huo huo alikuwa Mgeorgia mwenzake, Maia Chiburdanidze, wa miaka 17. Nchi hiyo ndogo ikaja kutwaa dhahabu ya Olimpiadi ya wanawake 1992, 1994 na 1996. Bila taji la 1962, sioni wasichana wa Georgia wangemtazama nani.

Halafu kuna fedha. Ubingwa wa dunia wa 2023 ulikuwa na mfuko wa euro milioni 2. Ule wa wanawake, kati ya Ju Wenjun na Lei Tingjie, euro 500,000. Pengo ni kubwa, lakini euro 500,000 zinawatosha wachezaji wawili kulipa walimu na kuishi kwa sataranji. Futa mashindano yao kesho, na wengi wao watazama katika orodha ya wazi, kwenye nafasi ambazo mchezaji hana uhakika wa kula. Utafiti wa 2009 uliotumia takwimu za Ujerumani, ambako wanaume walikuwa 16 kwa kila mwanamke mmoja, ulikadiria kwamba tofauti ya wingi peke yake inaeleza asilimia 96 ya pengo kati ya vinara wa pande mbili. Wapo waliopinga hesabu hiyo, lakini haihitaji hesabu kujua kwamba vinara hawatoki mahali pasipo na wachezaji.

Na hapo ndipo Kampala inaponigusa. Phiona Mutesi alikulia katika mtaa wa Katwe, nje ya shule kwa kukosa ada. Alivutwa na mradi wa Robert Katende uliowapa watoto uji na sataranji. Katika Olimpiadi ya Istanbul ya 2012 alipata cheo cha masta mteule wa wanawake, ngazi ya chini kabisa ya vyeo vyote. Yeye na Ivy Amoko wakawa Waganda wa kwanza wa kike kuwa na cheo. Baadaye alienda kusoma chuo kikuu Marekani. Nafasi ya kufika Istanbul ilitokana na timu ya wanawake: bila hiyo, shirikisho la nchi yenye fedha kidogo lingesafirisha vijana wa kiume tu. Hilo ni la mashindano, na linaunga mkono hoja yangu. Lakini kile cheo kidogo nacho kilimpa jina la kuandika kwenye karatasi, na siwezi kusema hakikuwa na thamani.

Ndiyo maana nisingeanza kufuta kwa chini. Vyeo vya mwanzo vibaki kwa sasa. Kinachostahili kwenda ni vile vya juu, grandimasta wa wanawake hasa, kwa sababu mchezaji mwenye pointi 2300 anahitaji lengo la 2500 zaidi ya anavyohitaji jina la kumliwaza. Waliokwisha kuvipata wabaki navyo.

Hou Yifan wa China anaonyesha ugumu wa hatua hiyo ya mwisho. Alikuwa bingwa wa dunia wa wanawake mara nne, ya kwanza akiwa na miaka 16, na akafikisha pointi 2686 mwaka 2015. Baada ya 2016 aliachana na mbio za taji la wanawake. Mwaka uliofuata kule Gibraltar, katika mashindano ya wazi, alipangiwa wanawake saba katika raundi kumi. Raundi ya mwisho akakubali kushindwa baada ya hatua tano tu ili kupinga jambo hilo. Waandaaji walisema kompyuta ndiyo iliyopanga. Miezi michache baadaye alishinda Biel, Uswisi, dhidi ya wanaume, kisha akachagua masomo ya Oxford.

Mashindano yale yale ya Gibraltar yalikuwa na utaratibu ninaoupenda: wote wanacheza ukumbi mmoja, na kuna zawadi nono kwa mwanamke atakayefanya vizuri zaidi. Mwandaaji wa mashindano ya wazi Nairobi, Kampala au Dar es Salaam anaweza kuufuata bila kukodi ukumbi wa pili wala kuongeza waamuzi. Anachohitaji ni kuiweka zawadi hiyo iwe kubwa kiasi cha kumfanya mzazi amlipie binti yake nauli.