Mnyoo bapa wa pangoni: achukuliwe au aachwe majini?

Ukisema minyoo bapa darasani Mbeya au Iringa, wanafunzi hufikiria tegu na kichocho. Planaria, wale wanaojitegemea majini, hupitiwa haraka. Lakini Nyanda za Juu Kusini zina mawe ya chokaa ya Songwe yenye Pango la Popo, na zina chemchemi baridi zinazotoka kwenye miamba ya volkano ya Rungwe. Mtu akiinua jiwe kwenye maji ya namna hiyo akakuta mnyoo mweupe asiye na macho, swali ni moja: amchukue au amwache?

Wanaotaka achukuliwe wana hoja nzito. Weupe peke yake hautambulishi kitu: Dendrocoelum lacteum wa Ulaya ni mweupe kama maziwa, lakini ana macho na huishi nje ya mapango. Spishi hutofautishwa hasa kwa viungo vya kujamiiana, vilivyo nyuma ya mdomo, na mdomo wenyewe uko katikati ya tumbo. Ili kuviona vizuri, mnyoo aliyekomaa huwekwa kwenye nta na kukatwa vipande vya maikromita 5 hadi 8. Mwenye upana wa milimita 2, akikatwa kwa maikromita 7, hutoa vipande karibu 285, na vyote vipangwe kwenye slaidi kwa mfuatano. Vikikunjamana kumi penye uume au mfuko wa kupokelea mbegu, kazi imeharibika. Na kiumbe kisicho na jina ni vigumu kukitetea pale pampu au machimbo yanapofika.

Wanaotaka aachwe nao wanajua wanachokisema. Pangoni chakula ni haba, kwa hiyo wanyama ni wachache. Macrocotyla glandulosa, mnyoo wa rangi ya waridi, anajulikana katika pango moja tu, Devil's Icebox huko Missouri, Marekani. Tena minyoo hawa hunaswa kirahisi mno: kipande cha ini bichi ndani ya chupa yenye matundu huwavuta kwa harufu, na chambo kikiachwa usiku kucha kinaweza kukomba wakubwa wengi wa dimbwi dogo kwa mkupuo.

Kuna wanaopendekeza njia ya katikati: kata ncha ya mkia, itie kwenye ethanoli ya asilimia 96 kwa ajili ya DNA, mrudishe mwenyewe majini. Planaria huota upya, na hata D. lacteum, ambaye kipande chake cha nyuma hakioti kichwa, huponya mkia. Njia hii ni nzuri kwa kulinganisha chemchemi moja na nyingine, lakini ina mipaka. Ncha ya mkia haina viungo hivyo vya kujamiiana, na DNA isiyo na ya spishi iliyokwisha kutambuliwa ya kulinganishia haitoi jina. Mnyoo akae pia wiki nzima bila kula kabla ya kukatwa, la sivyo utasoma vinasaba vya mawindo yaliyomo tumboni.

Kwa maoni yetu, asiye na maabara ya kukata vipande asichukue mnyoo mzima. Uharibifu mkubwa hutokana na haraka: minyoo hutumbukizwa kwenye spiriti ya asilimia 70, hujikunja, na DNA huoza polepole. Au hubebwa kwenye chupa iliyopigwa na jua hadi mjini na kufika wameyeyuka kuwa ute. Hao wamekufa bure.

Mwenye maabara na achukue wachache, waliokomaa, wenye tundu la uzazi linaloonekana nyuma ya mdomo. Awanyanyue kwa brashi laini, awabebe gizani kwenye maji yaleyale, ndani ya sanduku lenye barafu isiyogusa chupa. Kabla ya kuwaua, apunguze maji, asubiri mnyoo atambae akiwa amejinyoosha, ndipo amwage kwa ghafla dawa ya Bouin, ya kuua na kuhifadhi: asidi ya pikriki iliyokolea sehemu 15, formalini 5, asidi ya asetiki 1. Asidi ya pikriki isiachwe ikauke, ikikauka inaweza kulipuka. Kwenye pango la popo avae barakoa, maana vumbi la kinyesi chao linaweza kubeba kuvu wa mapafu.

Vibali vya COSTECH (Tume ya Sayansi na Teknolojia) na TAWIRI (Taasisi ya Utafiti wa Wanyamapori) vitangulie chambo, na minyoo michache iliyohifadhiwa ibaki nchini, ambako mwanafunzi wa Mbeya anaweza kuiweka chini ya hadubini bila kuomba viza.