Ngazi ya Diotima: Je, Plato anamkanyaga mpendwa?

Kuna shutuma juu ya Plato ambayo imezoeleka mno, hata wengi huipokea kabla hawajamsoma: kwamba katika Symposium, maandishi yake kuhusu karamu ambamo wageni wanatoa hotuba juu ya mapenzi, mpendwa ni kipago cha ngazi tu. Unamkanyaga, unapanda, unamsahau. Aliyeipa shutuma hii uzito wa hoja ni mwanafalsafa Gregory Vlastos, katika insha iliyotoka ndani ya kitabu chake cha mwaka 1973. Anasema Plato hapendi mtu, anapenda sifa zilizomo ndani ya mtu. Na kwa kuwa hakuna binadamu aliye mzuri mwanzo mwisho, mapenzi ya namna hiyo hayana nafasi kwa mtu mzima pamoja na kasoro na vituko vyake. Zaidi ya hapo, ikiwa ninachokipenda kwako ni uzuri, siku akitokea anayekuzidi sina sababu ya kubaki.

Hoja hiyo si ya kubezwa, na mwishoni nitasema inapouma kweli. Lakini mshale umelengwa pasipo.

Tukitazame kifungu chenyewe, kuanzia 210a (namba za namna hii ni za kurasa na sehemu zake, zilezile katika chapa zote za Plato). Socrates yuko kwenye karamu nyumbani kwa Agathon, mwaka 416 KK, na anasimulia aliyofundishwa na Diotima, mwanamke wa Mantinea. Kijana aanze na mwili mmoja, aupende, na azae humo maneno mazuri. Kisha atambue kwamba uzuri wa mwili huu ni ndugu wa uzuri wa mwili ule. Kutoka miili aende kwenye nafsi, kutoka nafsi kwenye desturi na sheria, kutoka hapo kwenye elimu, hadi auone Uzuri wenyewe. Kwenye 210b ndipo lilipo neno linalowakera wakosoaji: akifikia kuipenda miili yote mizuri, “atadharau”. Atadharau nini? Kigiriki hakisemi atamdharau yule mmoja. Kinasema to sphodra, yaani ule ukali, ule moto wa kung'ang'ania mmoja. Na kitenzi kinachotangulia ni chalasai, kulegeza, kama mtu anavyolegeza kamba iliyokazwa kupita kiasi. Kamba iliyolegezwa haijakatwa. Mistari michache mbele, 210c, mpandaji huyohuyo akikutana na mwenye nafsi njema ambaye mwili wake hauna mng'ao wa kutosha, anatakiwa aridhike naye, ampende na amjali. Kitenzi cha kujali kimo mle, na hakuna anayejali kipago.

Hilo ni jambo la sarufi tu. Kubwa zaidi ni kwamba shutuma inasahau fasili ambayo ngazi nzima imejengwa juu yake. Kwenye 206e Diotima anamwambia Socrates waziwazi kwamba ashiki si ya kitu kizuri, kama anavyodhani. Ni ya kuzaa ndani ya kizuri. (Nasema ashiki, kwa neno la Kigiriki eros, kwa makusudi. “Upendo” wetu umeshachukuliwa na Biblia kwa agape, neno jingine la Kigiriki, “tamaa” imeshahukumiwa, na ashiki limetokana na neno lilelile la Kiarabu, ishq, ambalo mwanafalsafa Ibn Sina aliliandikia risala akiwa na Wagiriki hao mezani.)

Kuzaa. Wanafalsafa wengi wa lugha za Ulaya hupata taabu hapa, kwa sababu kitenzi cha Kigiriki tiktein hubeba kazi ya mama na ya baba kwa pamoja, nao hulazimika kuchagua mojawapo. Kiswahili hakisumbuki: Juma kazaa na Asha, Asha kazaa na Juma, na hakuna anayeuliza swali. Kwa hiyo tunamwelewa Diotima moja kwa moja anaposema watu wote wana mimba, ya mwili na ya nafsi, na wakifika umri fulani maumbile yao hutamani kuzaa. Halafu anaeleza, 206d, kinachotokea. Mwenye mimba akikaribia kitu kizuri, anachangamka, anayeyuka kwa furaha, anazaa. Akikaribia kibaya, ananuna, anajikunja, anageuka, na mzigo unabaki ndani ukimtesa. Uzuri, anasema, ni mungu wa uzazi.

Ukilisoma hivyo, swali la Vlastos linageuka. Yeye anaona mtu aliyesimama dukani akilinganisha sifa: huyu ana macho, yule ana akili, nichukue nani? Ndiyo maana suala la kubadilisha linamtia wasiwasi. Mwanamke mwenye uchungu wa kujifungua hayuko dukani. Mpendwa ni yule ambaye mbele yake ninaweza kutoa kilichokuwa kimekwama, na hilo halipimwi kwa kuhesabu sifa.

Mtu atanijibu kwamba hata mkunga huondoka mtoto akishatoka. Jibu zuri. Lakini Diotima ameshaligusa, 209c: aliyezaa kwa nafsi humkumbuka mpendwa akiwapo na asipokuwapo, na wawili hao humlea mtoto wao pamoja, ambaye ni mazungumzo, sheria au tabia. Ushirika wao, anasema, ni imara kuliko wa waliofungwa na watoto wa damu. Ni kweli kwamba maneno haya yako kabla ya ngazi, na mkosoaji ana haki ya kusema kwamba juu ya ngazi hayarudiwi. Kinachorudiwa ni kuzaa: 212a, kilele chenyewe, aliyeuona Uzuri hazai vivuli vya wema bali wema wa kweli, na anaulea. Ngazi haiishii kwenye kutazama.

Wanaompinga Plato kwa kawaida humkimbilia Aristophanes, mwandishi wa vichekesho aliyezungumza mapema kwenye karamu hiyohiyo. Tulikuwa mviringo, mikono minne na miguu minne. Zeus akatupasua kama mtu anayekata yai kwa unywele, na tangu hapo kila mmoja anatafuta nusu yake. Hapo, wanasema, ndipo mtu fulani anapendwa, yeye na si mwingine. Wapenzi wa simulizi hii hawafiki 191b. Nusu zilipokutana zilikumbatiana na kukataa kufanya lolote, zikafa kwa njaa na kukaa bure. Zeus alilazimika kuzihamishia sehemu za siri mbele, ili wakikutana mwanamume na mwanamke wazae, na wengine angalau watosheke, warudi kazini na kuyashughulikia maisha yao. Yaani hata ndani ya simulizi yake mwenyewe, kumpenda mmoja kwa kuwa tu ni wangu kunaua, na dawa inaanzia kwenye kuzaa. Diotima anamjibu kwa mfano mkavu, 205e: watu hukubali kukatwa mikono na miguu yao wenyewe wakiiona imeharibika. Kuwa changu hakutoshi.

Wengine humkimbilia Aristotle. Rafiki wa kweli, anasema, humtakia mwenzake mema kwa ajili ya mwenzake, na kabla ya kufahamiana wawili hao hawana budi kula chumvi pamoja. Ni maneno matamu. Ila kinachopendwa kwenye urafiki wake wa juu kabisa ni wema wa tabia, na katika kitabu cha tisa cha Maadili ya Nikomako anaruhusu kuachana na rafiki aliyeharibika kupita kutengenezeka. Tatizo la sifa liko palepale, ila yeye hasomewi mashtaka.

Silaha nzito ya upande ule ni Alcibiades, mwanasiasa wa Athens aliyempenda Socrates. Mwanafalsafa Martha Nussbaum, mwaka 1986, alionyesha jinsi mlevi huyu anavyoingia baada ya ngazi na kumzungumzia mtu mmoja tu. Socrates, anasema, hafanani na yeyote, wa zamani wala wa sasa (221c). Anasimulia alivyomvizia: mieleka, kisha chakula cha jioni, kisha chakula cha pili na maongezi hadi usiku mwingi, kisha kuingia chini ya joho lake lililochakaa. Akaamka kama aliyelala na baba au kaka yake. Nussbaum anaona hapa njia mbili zisizopatana, na anakiri bei ya kila moja. Nakubali kwamba Plato aliijua bei hiyo, la sivyo asingemwachia Alcibiades hotuba ya mwisho. Lakini uzazi uko wapi? Alikuja kubadilishana mwili kwa hekima, akaambiwa anataka kutoa shaba apewe dhahabu. Hakuzaa chochote mbele ya mtu yule. Anakiri kwamba humkimbia akiziba masikio.

Phaedrus, andiko jingine la Plato, ni ushahidi ambao washtaki hawapendi kukaa nao. Huko mbawa za nafsi zinachipua kwa kumtazama mmoja, zikiwasha kama ufizi wa mtoto anayeota meno. Mpendwa naye huambukizwa mapenzi, kama ugonjwa wa macho, akijiona ndani ya mpenzi kama kwenye kioo bila kujua. Na wale wawili ambao siku moja walizidiwa na miili yao, 256c hadi 256e, hawatupwi: wanabaki marafiki maisha yote na wanapewa tuzo isiyo ndogo. Hiyo habari ya “mapenzi ya Kiplato” yasiyogusa mwili ni ya Marsilio Ficino, mwanafalsafa wa Italia, na karne ya 15.

Sasa panapouma. Si 210b. Hata 211e, panapoita miili na rangi za watu “upuuzi wa kufa”, panaweza kubebwa, maana aliye kileleni anazungumzia mwanga na si watu. Ni 208d. Mwanzoni mwa karamu Phaedrus, mmoja wa wageni, alimsifu Alcestis, mke aliyekubali kufa badala ya mumewe, Admetus, wakati wazazi wa mume walikataa. Diotima analirudia jina hilo na kuuliza kama tunadhani kweli angekufa kwa ajili ya Admetus lau asingetarajia kwamba wema wake utakumbukwa milele. Hapa hakuna kamba ya kulegeza wala kitenzi cha kukiokoa kifungu. Mwanamke anakufa kwa ajili ya mtu mmoja, na tunaambiwa alikuwa akiitazama sifa yake mwenyewe.